Mfuko Uliopandishwa Basi

Goiânia, katikati ya Brazili, Septemba 1987. Kwa siku kumi hivi, mtaa wa waokota vyuma chakavu uliishi na kitu walichokiona kama kito cha ajabu. Mchana kilikuwa chumvi tu, chembe za ukubwa wa punje za mchele zinazosagika vidoleni. Usiku ziliwaka buluu zenyewe, bila moto wala umeme. Mwenye yadi ya skrepa aliuona mwanga huo usiku wa tarehe 18, ukitoka kwenye chuma alichokuwa amekinunua, akakiingiza ndani ya nyumba. Ndugu na majirani wakaitwa waje kutazama. Wengine walipewa chembe wakaenda nazo kwao, wengine wakajipaka mwilini kama watu wanavyojipaka poda ya kumetameta siku za karnivali. Inasimuliwa kwamba mwenye yadi alitaka kumtengenezea mkewe pete.

Ile ilikuwa chumvi ya sesiamu-137, gramu 93, kutoka kwenye mashine ya kutibia saratani. Kliniki ilikuwa imehama na kuiacha mashine katika jengo lililobomolewa nusu. Vijana wawili waliokuwa wakitafuta riziki waling'oa sehemu yake yenye chumvi hiyo tarehe 13, wakaiuza kwa mwenye yadi. Siwalaumu vijana. Wa kuulizwa ni walioondoka wakaiacha.

Jumatatu, 28 Septemba. Mke wa mwenye yadi, Maria Gabriela Ferreira, alikuwa anaumwa tangu wiki iliyopita, anatapika na kuharisha. Hospitali walimwambia amedhurika na chakula. Lakini yeye alitazama waliomzunguka, akaona kila aliyekuwa karibu na ile chumvi anaugua, tena kwa wakati mmoja. Hakuwa na kipimo mkononi, alikuwa na macho yake tu. Akaondoka na mfanyakazi mmoja wa yadi hadi kwa mnunuzi mwingine ambako mabaki ya kile chuma yalikuwa yameshauzwa, wakayatia kwenye mfuko, kijana akaubeba begani. Wakapanda basi pamoja na abiria wengine hadi ofisi ya afya ya mji. Maria Gabriela akauweka mfuko mezani kwa daktari, akamwambia kitu hiki kinaua familia yake.

Mfuko ulikaa pale mezani kwa muda. Baadaye daktari aliingiwa na wasiwasi, akautoa uani na kuuweka juu ya kiti karibu na ukuta. Ukalala hapo. Maria Gabriela na kijana walipelekwa kupimwa, na hatimaye wakafika hospitali ya magonjwa ya tropiki, ambako wagonjwa wengine wa mkasa huohuo walikuwa wamelazwa wakidhaniwa wana maradhi ya kawaida ya nchi za joto. Daktari mmoja aliyatazama majeraha ya ngozi, akashuku kwamba ni ya mionzi. Ikatafutwa namna ya kumpata mtaalamu.

Jumanne, 29 Septemba, saa mbili asubuhi. Mwanafizikia Walter Mendes Ferreira, aliyekuwa mjini kwa matembezi tu, aliazima kipimo cha mionzi, kile ambacho wanajiolojia hukitumia kutafutia madini. Akakiwasha njiani, bado akiwa mbali na ofisi ya afya. Mshale ukaruka hadi mwisho. Akakigeuza upande huu, akakigeuza ule, mshale haukurudi. Akaona kimeharibika, akarudi kuchukua kingine.

Saa nne na dakika 20 alitoka na kipimo cha pili, na mshale ukafanya vilevile. Sasa akaelewa.

Wakati huo daktari alikuwa amekwisha kuwaita zimamoto. Nao, kwa nia njema kabisa, walikuwa wanajiandaa kuuchukua mfuko wakautupe mtoni. Kila nikifika hapa moyo hunienda mbio, maana chumvi ile huyeyuka katika maji. Mwanafizikia aliwahi kuwazuia, kisha akawatoa watu wote ndani ya jengo.

Adhuhuri akafika yadini, akakuta mionzi imetapakaa eneo kubwa, na watu wakaanza kuhamishwa. Mchana ulipita katika kuwaeleza wakubwa wa jimbo, ambao mwanzoni hawakuamini. Alasiri simu ikapigwa Rio de Janeiro kwa Tume ya Taifa ya Nishati ya Nyuklia. Usiku uwanja wa michezo wa mji, uitwao Olimpiki, ulitengwa kwa ajili ya kuwapokea na kuwapima watu. Afisa wa kwanza wa Tume aliingia Goiânia baada ya saa sita usiku.

Katika miezi iliyofuata watu wapatao 112,000 walipimwa, na 249 kati yao walikutwa na uchafuzi wa mionzi. Tarehe 23 Oktoba alifariki Leide das Neves Ferreira, mtoto wa miaka 6, aliyezichezea chembe zile kisha akala kwa mikono hiyohiyo. Siku hiyohiyo alifariki Maria Gabriela. Wafanyakazi wawili wa yadi, waliokuwa wakichambua madini ya risasi kutoka kwenye kile chuma, waliwafuata siku chache baadaye. Watu waliojaa hofu walirusha mawe makaburini kuyazuia mazishi, ingawa majeneza yalikuwa yamezungushiwa risasi.

Taasisi ya jimbo iliyoundwa kuwahudumia waathirika ilipewa jina la Leide, na hilo ni haki yake. La Maria Gabriela halisikiki mara nyingi. Lakini madaktari, mwanafizikia na Tume wote walianza kazi baada yake. Aliyegundua mkasa huu ni yeye, akiwa mgonjwa, kwa nauli ya basi, na wanaoufundisha darasani wanapaswa kuanza na jina lake.