Werner Erhard

Werner Erhard (alizaliwa Philadelphia, Marekani, 5 Septemba 1935, kwa jina la John Paul Rosenberg) ni mwanzilishi wa est, mafunzo ya kujiendeleza yaliyovuma sana nchini humo katika miaka ya 1970.

Aliwahi kuuza magari. Mwaka 1960 alimwacha mkewe na watoto wao wanne, akahama na kubadili jina. Jina jipya alilitoa katika majina ya mwanafizikia Werner Heisenberg na mwanasiasa Ludwig Erhard.

Alianzisha est mjini San Francisco mwaka 1971. Washiriki walikaa ukumbini wikendi mbili, jumla ya saa 60 hivi, bila saa mkononi, na ruhusa ya kwenda msalani ilikuwa ya kubanwa. Wakufunzi waliwakaripia hadharani ili kila mmoja akubali kuwajibika kwa maisha yake. Wafuasi walisema wamefunguka macho. Wakosoaji waliona ni ubabe na biashara.

Mwaka 1977 alishiriki kuanzisha The Hunger Project, shirika la kupambana na njaa. Mafunzo ya est yalikoma 1984, yakafuatiwa na The Forum. Mwaka 1991 aliwauzia wafanyakazi wake haki za mafunzo, wakaunda kampuni ya Landmark, naye akaondoka Marekani.