Duma: Ijue Albamu ya Metal ya Wakenya Isiyo na Mpiga Dramu

Kama metal unayoijua ni Linkin Park peke yake, msee, keti chini. Kuna albamu ya Wakenya ilitoka 2020, na pengine hujawahi kuiskia hata kama unaishi Kitengela, mat moja tu kutoka tao.

Ni akina nani?

Duma walikuwa wasee wawili: Martin Khanja, anayejiita Lord Spikeheart, na Sam Karugu. Khanja ndiye alikuwa sauti, Karugu ndiye alikuwa gita na biti. Wote wametoka kwa mbogi ya metal ya Nairobi. Khanja alikuwa Lust of a Dying Breed na Seeds of Datura. Usidhani jina ni la yule mnyama wa mbio. Hapa limetoka kwa Kikuyu, na maana yake ni giza.

Ilipikwa wapi?

Albamu pia inaitwa Duma. Waliirekodi Kampala 2019, kwa studio ya Nyege Nyege, ikatoka Agosti 2020 chini ya lebo ya Nyege Nyege Tapes. Ina ngoma tisa.

Sauti iko aje?

Hapa ndio kuna mambo. Nu-metal ya Marekani, kama albamu ya kwanza ya Korn ya 1994, ilisimama kwa gita za nyuzi saba zilizoshushwa chini kabisa, besi inayogonga na mpiga dramu mwenye mdundo wa hip-hop. Kichwa kinatikisika chenyewe.

Kwa Duma, mpiga dramu hayuko. Dramu ni za mashini, na zinakimbia spidi ambayo mikono ya mtu haiwezi. Mapigo yanashikana hadi unaskia kitu kimoja, kama mvua ya mawe kwa mabati. Gita nalo limechafuliwa mpaka hujui kama ni gita ama ni mtambo.

Ndio maana Khanja anakushtua. Kwa hiyo kelele yote, yeye ndiye binadamu. Anapiga nduru, ananguruma, na hata usiposhika maneno unajua kuna mtu hapo ndani.

Inakuhusu nini?

Bendi ya metal ya kawaida inataka seti ya dramu, amp kubwa na chumba ambacho majirani hawatakugongea. Kwa ploti ya Kitengela, jaribu uone kama kearteka hatapanda ngazi. Duma wanakuonyesha dramu zinaweza kukaa ndani ya kompyuta na ngoma isipoteze uzito. Inapata uzito mwingine.

Uanzie wapi?

Anza na "Lionsblood". Siku ukitoka Kitengela kwenda Kajiado, vaa earphone, ucheze albamu yote bila kuruka. Ikikubamba, tafuta The Adept, albamu ya Spikeheart peke yake ya 2024.

Isipokubamba, sawa pia. Lakini usiseme tena metal ni ya wazungu.