Muiceoil
Katika Kiairishi, lugha ya asili ya Ireland, nyama ya nguruwe huitwa muiceoil, neno ambatani lililoundwa na muc, yaani nguruwe, na feoil, yaani nyama, ambalo sauti yake ya kwanza hudondoshwa maneno hayo yanapoungana. Jikoni nyama hiyo huandamana na tufaha, hasa aina ya Bramley ya kaunti ya Armagh, ambayo jina lake linalindwa na sheria ya Umoja wa Ulaya tangu mwaka 2012. Bramley lina uchachu mwingi mno hata halipendezi kuliwa bichi, na uchachu huohuo ndio unaozuia mafuta ya nguruwe yasikinaishe. Mpishi hukaanga vipande vya nyama hadi vigeuke rangi ya kahawia, akaongeza vitunguu na tufaha lililokatwakatwa, akamimina sida, yaani pombe ya matufaha, kisha akafunika sufuria juu ya moto mdogo, ili nyama iive taratibu huku tunda likipondeka lenyewe na kuwa rojo zito lisilohitaji unga. Tufaha la mwambao wa Afrika Mashariki, lenye majimaji na umbo la kengele, ni la mti mwingine kabisa, wala halifai kwa mapishi haya.