Nyangumi wa Alaska na Suala la Nani Ajuaye

Mwaka 1977 Tume ya Kimataifa ya Nyangumi iliwapiga marufuku Wainupiati wa Alaska kumwinda nyangumi wa barafuni, ambaye katika lugha yao huitwa aġviq. Hoja ilikuwa kwamba wamebaki wachache mno. Hata hivyo, waliowaangamiza hasa hawakuwa wenyeji, bali merikebu za Marekani zilizoanza kuingia Mlango wa Bering mwaka 1848 kutafuta mafuta.

Wawindaji waliunda tume yao mwaka huohuo wa 1977. Walishikilia kwamba nyangumi hupita pia chini ya barafu, mahali ambapo mhesabuji aliyesimama ukingoni hawaoni. Kwa mwaka 1978 waliruhusiwa kupata 12 tu, au kuchoma chusa 18. Katika miaka ya 1980, vinasa sauti vilivyotumbukizwa baharini vilithibitisha kauli yao. Kufikia mwaka 2001 nyangumi hao walikadiriwa kuzidi 10,000.

Kwa mwanaisimu, kisa hiki kina uzito wa pekee. Maarifa yaliyorithishwa kwa lugha ya wenyeji yalingoja ushahidi wa chombo ndipo yakubaliwe. Basi anayetaka kuhifadhi mazingira hana budi kujiuliza kwanza anamsikiliza nani.