Mwisho Uliokwisha Kupita: Utabiri wa Kubuni katika Nagona na Mzingile

Mwaka 2020 maji ya Ziwa Viktoria yalipanda mpaka yakaivuka rekodi ya mwaka 1964. Mialo, mashamba na nyumba nyingi za kando ya ziwa zilimezwa, na kwa kuwa mwaka ule ule ulikuwa wa korona, mhubiri wa siku za mwisho hakuwa na kazi ya kutafuta somo. Wazee hata hivyo walikwisha kuyaona hayo. Mvua kubwa zilizoanza mwishoni mwa 1961, ambazo watu waliziita mvua za uhuru, zililipandisha ziwa kwa zaidi ya mita 2 katika miaka michache. Kwa huyu maji yale yalikuwa dalili ya kiama, kwa yule yalikuwa kumbukumbu ya mwaka bendera ilipobadilishwa. Tofauti hiyo ndiyo inayonipeleka kwa Euphrase Kezilahabi, mzaliwa wa Namagondo, Ukerewe. Dai langu ni kwamba katika Nagona (1990) na Mzingile (1991) alibuni utabiri ambao mwisho wake umekwisha kupita, na kwa kufanya hivyo alimnyang'anya mtabiri mtaji wake.

Tuanze na utabiri wa kawaida, ule unaouweka mwisho mbele. Ziwa hili hili lina mfano wake. Mwaka 1913 Onyango Dunde wa Alego, upande wa Kenya, alieleza kwamba nyoka mkubwa aitwaye Mumbo alitoka majini, akammeza, kisha akamtema akiwa mzima na kumpa ujumbe. Dini ya Wazungu imeoza, Wazungu wenyewe watatoweka, na wafuasi wasijisumbue kulima. Wachinje mifugo waliyonayo kwani Mumbo atawatolea mingine kutoka ziwani. Imani hiyo ilienea mpaka kwa Wakisii. Septemba 1914 Wajerumani walivuka mpaka kutoka kusini wakaingia Kisii, Waingereza wakauacha mji kwa muda, na wenyeji wakapora maduka na ofisi. Kwa siku chache utabiri ulikuwa umetimia. Kisha Waingereza walirudi, wakachoma nyumba na kutwaa ng'ombe, na baadaye viongozi wa Mumbo walisafirishwa mpaka Lamu.

Sitaki kumcheka Onyango Dunde. Alikuwa na adui wa kweli na dhuluma ya kweli, na ndani ya utabiri wake kuna siasa kuliko wasomi wengi wa zamani walivyokubali. Ninachotaka kionekane ni masharti ya malipo: mfuasi hutoa leo, na ahadi hulipwa kesho. Aliyekwisha kuchinja fahali wake hawezi tena kuhoji. Ebrahim Hussein aliliona jambo hili katika Kinjeketile (1969), tamthilia ya vita vya Majimaji, pale mtu aliyeleta neno la maji anapogundua kwamba neno limemponyoka, kisha mwishoni anakataa kulikana hata mbele ya kifo.

Utabiri wa namna hii hauhitaji nyoka wala mzimu. Si mbali na mwalo wa Mwigobero, Musoma, ni Butiama, alikozaliwa Julius Nyerere, mtu aliyeiambia nchi nzima kwamba kuna maisha mapya yanakuja na yanahitaji watu wahame. Operesheni ya vijiji ya miaka ya 1970 ilitaka kitu mkononi kabla ya kutoa: nyumba ya zamani, shamba la zamani, makaburi. Kezilahabi aliliandika hilo katika Gamba la Nyoka (1979), riwaya inayowafuata watu wanaoletewa kijiji cha ujamaa. Miaka kumi na kidogo baadaye akaandika vitabu viwili ambavyo hata wasomaji wake waaminifu walivishika wakavigeuzageuza.

Katika Nagona msimulizi anatafuta njia ndani ya mizunguko isiyo na mlango, akikutana na kina Plato, Hegel, Darwin, Nietzsche na Freud, mpaka ngoma kuu na kuzaliwa kwa mkombozi wa pili. Katika Mzingile anamtafuta mzee aliyejitenga na dunia, ambaye ni vigumu kutomwona Mungu ndani yake. Dunia anayopita imekwisha kuteketea kwa maangamizi yanayokumbusha bomu la nyuklia. Hapo ndipo penye jambo. Hakuna anayeambiwa ajitayarishe. Kiama hakitenganishi wateule na waliopotea, wala hakuna mtu awezaye kusema, "Niliwaambia." Mwisho ulikuja bila kumpandisha mtu cheo, na swali pekee lililobaki ni la aliyesalia: sasa nifanye nini?

Wapo waliosema kwamba huko ni kuikimbia Tanzania na kujificha katika falsafa. Naona kinyume chake. Watu wa ziwa hili wanaishi baada ya miisho mingi. Sotoka ya miaka ya 1890 ilimaliza ng'ombe katika nchi za wafugaji. Kuanzia miaka ya 1980 sangara, aliyepandikizwa ziwani katika miaka ya 1950, alipozagaa, mamia ya aina za furu zilitoweka au zikabaki chache mno. Hakuna aliyetangaziwa siku ya mwisho huo. Kwenye mwalo wa Mwigobero, pale boti zinapopakia abiria wa Kinesi, dagaa na sangara ndio biashara, na kijana anayepima kilo anaweza asijue furu walikuwa wa rangi ngapi. Kazi inafuata mwezi. Kwenye giza taa huwashwa juu ya maji kuvuta dagaa. Mbalamwezi ikikolea, wavuvi hukaa nchi kavu na nyavu hushonwa. Mwandishi wa Ukerewe aliyeichora dunia kwa duara hakulazimika kulichota duara lote kwa Nietzsche na wazo lake la marudio ya milele.

Hata hivyo kuna mahali riwaya inanishinda. Mwanzo mpya wa Mzingile ni wa watu wachache mno, mwanamume na mwanamke, kana kwamba Edeni haikwepeki. Walio baada ya mwisho kwa kweli huwa wengi, wana madeni, wanagombania mtumbwi, na mama muuza samaki anataka bei ya jana. Mumbo, pamoja na hasara aliyowatia watu, aliwakusanya uwanjani. Kezilahabi alimwondoa mtabiri, na umati ukaondoka naye. Mzingile haituelezi nani atavuta nyavu.