Samehe na Kimya cha Miaka 20

Jina la Bagamoyo wenyeji hulieleza kwa njia mbili. Wapagazi waliotoka Ujiji na Tabora na pembe za ndovu mabegani walifika ufukweni wakabwaga mizigo, moyo ukatulia. Waliofungwa minyororo nao waliubwaga moyo pale pale, maana mbele yao lilibaki jahazi la Unguja tu. Sioni haja ya kuchagua moja.

Mawe ya historia hiyo yapo: magofu ya Kaole, Ngome Kongwe, misheni iliyoanzishwa 1868, ambako mwili wa mpelelezi Livingstone ulilazwa Februari 1874 kabla ya kuvushwa baharini. Lakini mawe hayatuambii aliyeuzwa alibaki na nini moyoni, wala wajukuu zake walirithi nini. Mzigo huo, kwa maoni yangu, umebebwa vizuri zaidi na filamu moja.

Mwaka 2001 Mtanzania Martin Mhando na Mmarekani Ron Mulvihill walitoa *Maangamizi: The Ancient One*. Daktari Asira, Mmarekani mweusi, anakuja kufanya kazi katika hospitali ya wagonjwa wa akili nchini Tanzania. Anamkuta Samehe, mwanamke aliyenyamaza kwa miaka 20 kwa jeraha la utotoni. Anayesikilizana na Samehe ni Bibi Maangamizi, mzimu wa wahenga, na punde mzimu huo unamgeukia daktari mwenyewe. Aliyekuja kuponya naye ana kidonda.

Angalia majina hayo: Maangamizi na Samehe, katika nyumba moja. Msikilizaji wa Kiswahili anayapata mara moja, bila kufafanuliwa. Ndoto, kumbukumbu na yanayotendeka leo vinaingiliana bila kubisha hodi, kama vinavyoingiliana kwa mtu mwenye uchungu. Amandina Lihamba, gwiji wa tamthilia wa Chuo Kikuu cha Dar es Salaam, anamcheza Samehe. Asira ni BarbaraO, aliyekwisha kuigiza katika *Daughters of the Dust* (1991), filamu ya Julie Dash kuhusu wazao wa watumwa visiwani Marekani. Kwa uso wake, ng'ambo mbili za bahari zinakutana.

Mbegu ilipandwa mapema. Katika *Arusi ya Mariamu* (1985), ya Nangayoma Ng'oge na Mulvihill, mwanamke anawaogopa waganga wa jadi kwa sababu ya yaliyompata utotoni.

*Maangamizi* ilikuwa filamu ya kwanza ya Tanzania kupelekwa kushindania Oscar. Ya pili, *Vuta N'kuvute* ya Amil Shivji, ilipelekwa 2022.

Walimu wa TaSUBa, chuo cha sanaa kilichoanza 1981 hapo hapo Bagamoyo, nawaomba: waonyesheni wanafunzi filamu hii jioni moja, kisha asubuhi yake mtembee nao hadi ufukweni, majahazi yanakotia nanga.