Selimundu: Neno, Herufi na Historia Yake

Karatasi yenyewe ilikuwa nusu ukurasa tu. Ilifika kwa posta hapa Germantown, mji wa jimbo la Maryland ulio kaskazini-magharibi ya Washington, nyumbani kwa wenzetu wawili wa Kitanzania waliokuwa wamejaliwa mtoto wao wa kwanza majuma machache kabla. Katikati ya karatasi palikuwa na herufi tatu: F, A, S. Baba wa mtoto akanipigia simu. "Kaka, wewe mtu wa redio, maneno ndiyo kazi yako," alisema. Nami, bila kusoma mara mbili, nikamtafsiria kwamba mtoto ana selimundu. Jioni ile habari ilikuwa imekwishafika Musoma, kwa bibi yake mtoto, na huko Musoma kukawa na kilio.

Nilikuwa nimekosea. Kosa lenyewe si langu peke yangu, maana lina historia ndefu, na ndiyo sababu ya makala haya.

Selimundu ni neno lililoungwa kwa maneno mawili. Seli tumeikopa kutoka Kiingereza; mundu ni chuma kile kilichopinda cha kuvunia, ambacho mkulima hahitaji kuelezwa. Limefuata jina lililotolewa hapa Marekani. Mwaka 1910 daktari James Herrick wa Chicago alichapisha habari za kijana kutoka kisiwa cha Grenada, Walter Clement Noel, aliyekuwa akisomea udaktari wa meno. Aliyeziona kwanza chembe za damu yake zikiwa nyembamba na zimepinda alikuwa daktari mwanafunzi, Ernest Irons. Mkubwa wake ndiye aliyeandika. Miaka 12 baadaye, 1922, Verne Mason wa hospitali ya Johns Hopkins mjini Baltimore, mwendo wa saa moja hivi kwa gari kutoka hapa Germantown, akaupa ugonjwa huo jina la upungufu wa damu wa chembe mundu.

Isidhaniwe kwamba Afrika ilingoja darubini ya Chicago ili kuujua ugonjwa huu. Felix Konotey-Ahulu, daktari wa Ghana, ameonyesha kwamba lugha za nchi yake zilikuwa na majina yake tangu zamani, na majina hayo yanatokana na maumivu ya viungo. Mzungu aliuita kwa kile alichokiona kwenye kioo, Mghana kwa kile alichokisikia usiku mtoto akilia.

Mwaka 1949 ndipo neno hili lilipotoka kwa matabibu likaingia kwa wanakemia. Linus Pauling na wenzake watatu, huko California, waliipitisha himoglobini ya wagonjwa katika mkondo wa umeme. Himoglobini ni protini inayoipa damu wekundu wake na kubeba hewa ya oksijeni. Waliona kwamba himoglobini ya wagonjwa haisafiri sawasawa na ya watu wengine. Makala yao katika jarida la Science iliuita huu ugonjwa wa molekuli, na kabla ya hapo hakuna ugonjwa uliokuwa umeelezwa hivyo. Sifa zilimwendea Pauling, lakini kazi kubwa ya maabara ilifanywa na kijana Harvey Itano, Mmarekani mwenye asili ya Kijapani. Mwaka 1942, wakati wa Vita Kuu ya Pili, Itano alikuwa amefungiwa kambini pamoja na maelfu ya Wajapani wa Marekani, ingawa chuo kikuu chake kilikuwa kimemtangaza kuwa mwanafunzi bora wa mwaka. Baadaye alifanya kazi katika Taasisi za Taifa za Afya za Marekani mjini Bethesda, kilomita kama 30 kutoka hapa kwa barabara ile ile tunayopanga foleni kila asubuhi.

Tofauti hiyo ilikuwa nini? Vernon Ingram aliijibu huko Cambridge, Uingereza, mwaka 1956 na 1957. Himoglobini imefumwa kwa minyororo minne, miwili ya alfa na miwili ya beta, na kila mnyororo wa beta una asidi amino 146. Katika himoglobini ya wagonjwa, nafasi ya sita, palipotakiwa kuwa na asidi ya glutamiki pana valini. Pengine ni sawa kabisa. Lakini oksijeni inapopungua, molekuli hizo hushikamana na kuwa nyuzi ngumu, chembe hupinda, hukwama katika mishipa myembamba, na huvunjika mapema: chembe ya kawaida huishi siku 120 hivi, hii siku 10 hadi 20. Himoglobini ya kawaida ya mtu mzima ilipewa herufi A, na hii ikapewa S, herufi ya kwanza ya neno la Kiingereza lenye maana ya mundu. Mtu hurithi jeni moja kwa baba na moja kwa mama. Aliyerithi S mbili ni mgonjwa. Aliyerithi A na S huitwa AS: ni mbebaji, na kwa kawaida huishi maisha yake yote bila kuugua ugonjwa huo.

Hapo ndipo Afrika Mashariki inapoingia katika hadithi hii, tena kwa kishindo. Anthony Allison alizaliwa Afrika Kusini mwaka 1925, akakulia shambani Gilgil, Kenya. Mwaka 1949, akiwa katika msafara wa Chuo Kikuu cha Oxford kwenda Mlima Kenya, alikusanya damu ya watu wa makabila mbalimbali. Akaona jambo la ajabu: pwani na kando ya Ziwa Viktoria, watu wenye S walizidi 20 kati ya kila 100, nyanda za juu zenye baridi walikuwa wachache mno. Ikiwa jeni hii inaua watoto, kwa nini haijatoweka? Allison akakisia jibu: mbu.

Mwaka 1953 alirudi. Karibu na Kampala aliwapima watoto 290 wa Kiganda. Kati ya 43 waliokuwa na S, 12 walikutwa na vimelea vya malaria. Kati ya 247 wasio nayo, 113. Kisha akafanya jambo ambalo leo lisingepita mbele ya kamati yoyote ya maadili: aliwaambukiza malaria kwa makusudi Wajaluo 30 waliojitolea, 15 wenye AS na 15 wasio nayo. Vimelea vilionekana kwa 2 kati ya wale wa kwanza na kwa 14 kati ya wale wa pili. Ushahidi ulikuwa mzito, na vitabu vya biolojia duniani kote hunukuu tarakimu hizo. Majina ya Wajaluo wale 30 hayanukuliwi.

Ushahidi wa Musoma ndio unaonigusa zaidi. Katika wilaya hiyo ya Tanganyika, Allison alipima watoto wachanga 287 na watu wazima 654. Wachanga wenye S mbili walikuwa 9, yaani 3 katika kila 100. Watu wazima walikuwa 5 tu, hawafiki hata mmoja katika 100. Wengine walikuwa wamekwishazikwa. Lakini wenye AS waliongezeka, kutoka 31 katika kila 100 miongoni mwa wachanga hadi 38 miongoni mwa watu wazima, kwa sababu malaria iliwapunguza wenye AA. Herufi ile ile iliyomwua mtoto mmoja ilimkinga ndugu yake.

Katika miaka ya 1980 wataalamu walianza kuziainisha jeni za S kwa alama za vinasaba vinavyozizunguka, na kuzipa majina ya mahali na watu: Senegal, Benin, Kameruni, Bantu, Arabu-Hindi. Kwa maoni yangu jina la Bantu halikuchaguliwa vizuri. Bantu ni familia ya lugha, na damu haisemi lugha yoyote. Hata hivyo aina hiyo inasimulia historia yetu. Inapatikana Oman, pamoja na ile ya Benin na ile ya Arabu-Hindi, na msikilizaji wetu wa Maskati anajua vyema njia za majahazi kati ya Unguja na ghuba yake, waliosafiri kwa hiari na waliopakiwa kwa nguvu. Kwa muda mrefu iliaminika kwamba jeni ya S ilizuka mara kadhaa, mahali mbalimbali. Mwaka 2018 Daniel Shriner na Charles Rotimi, wa Bethesda hapa jirani, walitoa hoja kwamba ilizuka mara moja tu, barani Afrika, miaka kama 7,300 iliyopita.

Turudi kwenye kosa langu. Marekani nayo ilikosea vivyo hivyo, na kwa madhara makubwa zaidi. Mwaka 1968 Pauling, mshindi wa tuzo mbili za Nobel, alipendekeza vijana wenye jeni hiyo wachanjwe alama kwenye paji la uso ili wasipendane. Baada ya Rais Nixon kutia saini sheria ya kupambana na ugonjwa huu mwaka 1972, Wamarekani weusi wengi walipimwa, na wabebaji wakachukuliwa kama wagonjwa. Baadhi walinyimwa kazi au bima. Chuo cha Jeshi la Anga kiliwakataa wenye AS mpaka mwaka 1981. Baadhi ya sheria za majimbo zenyewe zilichanganya ugonjwa na ubebaji.

Kiswahili chetu nacho kina mtego huo. Selimundu ni jina la chembe, ni jina la ugonjwa, na mitaani huwa hata jina la mtu: "yule ni sikoseli." Ukisema mtu "ana selimundu", hujasema ana S ngapi. Mbebaji ni bora, ingawa nalo silipendi sana, kwani linamfanya mtu aonekane kama amebeba kitu cha kuambukiza.

Karatasi ile ya Germantown ilitokana na kazi ya Marilyn Gaston, daktari aliyeonyesha mwaka 1986 kwamba penisilini ikianza mapema hupunguza maambukizi hatari kwa asilimia 84 miongoni mwa watoto wagonjwa. Kufikia mwaka 2006 majimbo yote ya Marekani yalikuwa yakipima kila mtoto anayezaliwa. F ni himoglobini ya mtoto tumboni, na herufi hupangwa kwa wingi. FAS ni mbebaji. FS ni dalili ya ugonjwa. Hata FSA, herufi zile zile zikibadilishana nafasi, ni jambo jingine la kumpeleka mtoto kwa daktari.

Dawa zipo. Haidroksiyurea, ambayo ni vidonge, ilifanyiwa utafiti kwa watoto zaidi ya 600 huko Kilifi, Mbale, Kinshasa na Luanda. Matokeo yaliyochapishwa mwaka 2019 yalionyesha kwamba maumivu, malaria na vifo vilipungua. Desemba 2023 Marekani iliidhinisha tiba mbili za jeni, na moja ilitangazwa kwa bei ya dola milioni 2.2. Tanzania inakadiriwa kupata watoto 11,000 wenye ugonjwa huu kila mwaka.

Kesho yake nilimpigia simu bibi mwenyewe. Nikamwomba radhi, nikamweleza kwamba mjukuu ni mzima, ana S moja tu, na kwamba baba yake naye amepimwa akakutwa na AS. Hilo si ajabu kwa mtu wa Musoma, nikamwambia. Mama wa mtoto alikuwa AA.

Akanyamaza kidogo. Kisha akasema kwamba kabla ya huyo baba mtoto alizaa mwingine wa kiume, aliyefariki akiwa na miaka 3, akilia mikono na miguu, na watu walisema amerogwa.

"Sasa mwanangu," akaniuliza, "yule wangu alikuwa na herufi gani?"